Mhakiki Mwenye Majina Mawili: Said A. M. Khamis na Riwaya Ngumu ya Kiswahili

Wasomaji wetu wamezoea kukuta katika safu hii uhakiki wa kitabu kimoja, ama riwaya, ama tamthilia, ama diwani inayosomwa katika muhula. Safari hii tumeamua kumhakiki mhakiki. Sababu yenyewe wanaijua walimu wote wa fasihi katika vyuo vya hapa Uganda. Kozi ya riwaya ya Kiswahili huenda vizuri tangu Shaaban Robert hadi riwaya za miaka ya 1970, kisha tunafika Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi, na hapo darasa hukwama. Mwanafunzi aliyezoea kueleza ploti, wahusika, mandhari na dhamira haoni pa kuanzia. Akitafuta muhtasari, muhtasari haumsaidii, kwa maana riwaya hizi ukizifupisha huna ulichobaki nacho. Walimu wengine huamua kuziruka. Wengine huzifundisha kwa kutaja majina ya nadharia tu, na mwanafunzi anatoka darasani amekariri istilahi bila ya kukisoma kitabu.

Tunaamini kwamba kuna mhakiki aliyetuachia njia ya kuingilia katika riwaya hizi, nasi hatujaitumia ipasavyo. Mhakiki huyo ni Said A. M. Khamis. Katika makala haya tunapitia maandishi yake kadhaa ya miaka ya 2001 hadi 2007, tunaeleza tunachoona kuwa ni mchango wake mkubwa, na mwishoni tunatoa lalamiko letu, ambalo halihusu hoja zake bali lugha aliyoziandikia.

Mtu mmoja, kalamu mbili

Wanafunzi wengi hawajui kwamba Said A. M. Khamis mhakiki na Said Ahmed Mohamed mwandishi wa riwaya ni mtu mmoja. Alizaliwa Zanzibar mwaka 1947, akapata shahada ya uzamivu Leipzig, Ujerumani, na baadaye akawa profesa wa fasihi za lugha za Kiafrika katika Chuo Kikuu cha Bayreuth. Kwa jina la Mohamed ametupa riwaya za Asali Chungu, Utengano (1980), Dunia Mti Mkavu (1980), Kiza katika Nuru (1988), Tata za Asumini (1990), Babu Alipofufuka (2001) na Dunia Yao (2006), mbali na tamthilia, mashairi na hadithi fupi. Kwa jina la Khamis ameandika makala ya kitaaluma tunayoyazungumzia hapa.

Jambo hili si la kutajwa kupita tu. Mwandishi wa Utengano, riwaya iliyosomeshwa shuleni Kenya na ambayo msomaji wa kawaida huisoma hadi mwisho bila ya kuuliza njia, ndiye huyo huyo aliyeandika Babu Alipofufuka, ambamo mhusika mkuu ana herufi moja tu kuwa jina, K, na ambamo babu aliyekwishakufa anarudi kumwandama mjukuu wake mwenye cheo na mali, akamtembeza katika aliyoyasahau. Kwa hiyo Khamis anapoeleza kwa nini riwaya ya Kiswahili iliacha barabara iliyonyooka, anaeleza jambo ambalo mkono wake mwenyewe umelitenda.

Je, mtu anaweza kuwa hakimu katika kesi yake mwenyewe? Suali hili ni la haki. Hakuna awezaye kueleza riwaya mpya ya Kiswahili akaiacha nje Babu Alipofufuka, na mwandishi wake ndiye mhakiki tunayemzungumzia. Jibu letu ni kwamba hatari ipo, ila faida ni kubwa zaidi. Fundi seremala akikueleza kwa nini kiti fulani hakina mguu wa nne, atakuambia mambo ambayo mnunuzi hawezi kuyaona. Linalotakiwa ni msomaji kujua kwamba anayezungumza ni fundi. Ndiyo maana tunawasihi walimu wawaambie wanafunzi tangu siku ya kwanza kwamba majina haya mawili ni ya mtu mmoja.

Mlango wa kwanza: Kusadikika

Anayetaka kumwelewa Khamis asianze na Nagona. Aanze na makala yake ya mwaka 2001, yaliyotoka katika jarida la Research in African Literatures, kuhusu uklasiki katika Kusadikika ya Shaaban Robert. Huenda mtu akashangaa: riwaya ya mwaka 1951, inayosomwa hata na wanafunzi wa sekondari, ina uhusiano gani na riwaya ngumu za miaka ya 1990?

Sisi tunaona kwamba uhusiano upo, na ndio unaobeba hoja yetu yote. Tukumbuke Kusadikika ni nchi ya namna gani. Ni nchi inayoelea hewani. Karama anashtakiwa na Waziri Majivuno, na utetezi wake mahakamani si ushahidi wa kawaida bali ni hadithi za wajumbe sita waliotumwa pande zote, kaskazini, kusini, mashariki, magharibi, mbinguni na ardhini, wakarudi na elimu na kulipwa mateso. Wahusika wanabeba majina ya tabia zao. Mandhari hayapo katika ramani yoyote. Wala hatujapata kumsikia mwanafunzi akilalamika kwamba Kusadikika haieleweki kwa sababu nchi haiwezi kuelea hewani. Anaipokea kama alivyopokea ngano za bibi yake.

Basi riwaya ya kihalisia, yenye mji unaojulikana, mwaka unaojulikana na mhusika mwenye kazi na mshahara, haikuwa mwanzo wa nathari yetu. Ilishika nguvu katika miaka ya 1960 na 1970, wakati waandishi walipotaka kuonyesha mji, shule, ujamaa, ndoa na rushwa kama zilivyo. Kezilahabi mwenyewe alikuwa miongoni mwa mafundi wake, kwa Rosa Mistika (1971), Kichwamaji (1974), Dunia Uwanja wa Fujo (1975) na Gamba la Nyoka (1979). Kizazi cha walimu kilichosoma riwaya hizo ndicho kilichotunga vitabu vya kufundishia, na vigezo vya riwaya ya kihalisia vikageuka kuwa vigezo vya riwaya yoyote. Mwanafunzi anaposema kwamba Nagona haina ploti, anayezungumza ni kitabu cha kiada.

Khamis hakuisema hoja hii kwa maneno haya. Ni sisi tunaoyasoma makala yake kwa kuyafuatanisha, lile la 2001 mbele na lile la 2003 nyuma yake. Hata hivyo tunaona kwamba ukiyasoma kwa mpango huo, uhalisia unaonekana kuwa kituo kimoja katika safari ndefu ya nathari ya Kiswahili.

Funguo tatu za Nagona

Makala ya mwaka 2003, yaliyochapishwa katika Nordic Journal of African Studies, yanaitazama Nagona kwa mambo matatu: kuvunjikavunjika kwa masimulizi, fasihi simulizi, na kile ambacho wahakiki wetu wamekiita ama uhalisia-ajabu ama uhalisia wa kimazingaombwe. Tuyatazame moja moja, kwa mifano ambayo mwalimu anaweza kuitumia darasani.

Kwanza, kuvunjikavunjika. Katika Nagona msimulizi asiye na jina yumo safarini. Anafika katika mji wa kimya, anakutana na wazee waliozama katika kusoma na kuandika, anasikia majina ya wanafikra wa Magharibi, anamsikia na kumwandama paa asiyekamatika. Sura haifuati sura kwa sababu na matokeo. Mwalimu akiuliza, "Kisha ikawaje?", hapati jibu la kumridhisha. Swali lenye manufaa ni jingine: "Hiki kinarudi wapi?" Maana mambo hurudi. Safari hurudi, mzee hurudi, kimya hurudi, na duara linatajwa na kuchezwa hadi kufikia Ngoma Kuu. Vipande vimeunganishwa kwa marudio, kama kiitikio kinavyouunganisha wimbo.

Pili, fasihi simulizi. Hapa ndipo tunapoona uzito wa kazi ya Khamis. Katika mjadala wa riwaya hizi falsafa hukaa mbele, na si ajabu, kwa kuwa Kezilahabi aliandika tasnifu yake ya uzamivu katika Chuo Kikuu cha Wisconsin mwaka 1985 juu ya falsafa ya Kiafrika na tatizo la ufasiri wa fasihi. Kyallo Wadi Wamitila, kwa mfano, katika makala yake ya mwaka 1998 aliifuata njia hiyo ya falsafa, akaziita kazi za nathari za Kezilahabi mzingile wa kifalsafa. Ni njia halali, na wanafunzi waisome. Lakini Khamis, kwa kuiweka fasihi simulizi katikati ya makala yake, anatukumbusha kwamba kabla ya mwanafalsafa kuna mtambaji. Safari ya kutafuta kitu kisichojulikana, mnyama anayemwita mwindaji mbali na kwao, mzee anayejibu kwa fumbo, mambo yanayokwenda kwa idadi na kwa marudio, yote haya ni mali ya ngano.

Mzingile inathibitisha jambo hili kwa uwazi zaidi. Humo tunakutana na habari za Kakulu, mzee ambaye kuzaliwa kwake kunasimuliwa kama visa vya mashujaa wa ngano, na msimulizi anatumwa kumpelekea taarifa ya kifo cha mwanawe. Mwanafunzi wetu wa Kampala, Masaka au Mbarara hahitaji tanbihi ili alisikie jina hilo. Msemaji wa Luganda anasikia ndani yake mukulu, na msemaji wa Runyankole anasikia mukuru. Kezilahabi alizaliwa Namagondo, katika kisiwa cha Ukerewe, ndani ya Ziwa Victoria, ziwa hili hili letu, na Kikerewe ni jamaa wa karibu wa lugha za magharibi mwa Uganda. Kiswahili kwake kilikuwa lugha ya kujifunza, kama kilivyo kwa wengi wetu. Mara nyingi tumeambiwa kwamba sisi tulio mbali na pwani tunasoma fasihi ya Kiswahili kama wageni. Katika Mzingile sisi si wageni hata kidogo.

Tatu, uhalisia-ajabu. Istilahi hii ina safari yake. Mjerumani Franz Roh aliitumia mwaka 1925 kuzungumzia uchoraji, na mwandishi wa Cuba, Alejo Carpentier, akazungumza mwaka 1949 juu ya uhalisi wa ajabu wa Amerika ya Kilatini. Baada ya riwaya ya Gabriel García Márquez ya mwaka 1967, Miaka Mia ya Upweke, ikawa istilahi ya dunia nzima. Khamis anaitumia kwa Nagona, na inasaidia, kwani inamwezesha mwanafunzi kuiweka riwaya ya Kiswahili pamoja na riwaya za mabara mengine.

Hata hivyo hapa tuna tahadhari. Istilahi ikitangulia, mwanafunzi hudhani kwamba Kezilahabi aliazima ajabu zake ng'ambo. Mganda aliyekua akisikia habari za Kintu na Nambi, binti wa Ggulu, walivyoshuka kutoka mbinguni na jinsi Walumbe, yaani kifo, alivyowafuata hadi duniani, hana haja ya kupitia Amerika ya Kusini ili akubali kwamba mtu anaweza kutumwa safari yenye kifo ndani yake. Tungependa kwa hiyo zile funguo tatu zipangwe upya darasani. Fasihi simulizi iwe ya kwanza, kuvunjikavunjika iwe ya pili, na uhalisia-ajabu uje mwisho, kama jina la kulinganishia baada ya kitabu kusomwa.

Dalili za riwaya mpya na malalamiko ya wasomaji

Mwaka 2005 Khamis alirudi katika Research in African Literatures na makala kuhusu dalili za sifa mpya katika riwaya ya Kiswahili. Neno "dalili" limechaguliwa kwa uangalifu. Hatangazi kwamba riwaya ya zamani imekufa. Na kweli haikufa. Katika miaka ile ile msomaji alipata Vuta N'kuvute ya Shafi Adam Shafi (1999), Janga Sugu la Wazawa ya Gabriel Ruhumbika (2001) na Makuadi wa Soko Huria ya Chachage Seithy Chachage (2002), kazi ambazo haziogopi historia wala jina la mji. Pembeni yake zikatoka Babu Alipofufuka na Bina-Adamu! ya Wamitila (2002), ambayo humtembeza msimulizi wake duniani akiitikia sauti na kumsaka P.P., yule mkorofi wa kijiji-dunia.

Wapo wanaolalamika kwamba riwaya hizi zimemtupa msomaji wa kawaida, kwamba mwandishi aliyekuwa akisema na wakulima na wafanyakazi sasa anasema na maprofesa. Lalamiko hili tusilipuuze. Kitabu kisichosomwa ni mzigo wa kabati. Lakini tukiangalia vizuri tutaona kwamba linachanganya mambo mawili. Lipo gumu linalotokana na kitu kinachosemwa, na lipo gumu linalotokana na jinsi tulivyofundishwa kusoma. Babu Alipofufuka inazungumza juu ya mkubwa aliyeiuza nchi yake na kuwasahau wazee wake. Ni jambo gani humo ambalo mkulima hakulijua? Ugumu ni wa njia, si wa habari. Na njia yenyewe, mzimu unaokuja usiku kumdai mtu haki, ni ya zamani kuliko riwaya zote. Mwalimu asiyeionyesha njia hiyo asimlaumu mwandishi peke yake.

Kuhusu Nagona na Mzingile tunakiri kwamba ugumu ni wa aina zote mbili, na hakuna uhakiki utakaouondoa wote. Sifa ya Khamis ni kwamba hajaribu kuuondoa. Anaonyesha umetengenezwa na nini, kisha anamwachia msomaji kazi yake.

Njia panda

Makala ya nne tunayoyataja yalitoka mwaka 2007 katika Swahili Forum. Humo mhakiki anamweka mwandishi wa riwaya ya Kiswahili katika njia panda, baina ya utambulisho na rutuba. Mwandishi anataka kubaki yeye, na lugha yake, na watu wake. Na pia anataka kuzaa, yaani kubuni mambo ambayo hayajabuniwa. Hapa unaisikia sauti ya mtunzi nyuma ya sauti ya mtaalamu. Sisi tunayasoma makala haya tukikumbuka kwamba mchapishaji huhesabu nakala zitakazonunuliwa na shule, na shule hutaka kitabu chenye maswali na majibu. Mwandishi wa Kiswahili anayeandika kitabu kigumu huandika akijua kwamba huenda kisiingie darasani.

Na sisi walimu ndio mlinda mlango. Sisi ndio tunaopanga vitabu vya kozi na tunaotunga mitihani. Tukitunga maswali ambayo Nagona haiwezi kuyajibu, tumeshaamua kwamba isisomwe. Mwaka 2005 Katiba ya Uganda ilirekebishwa na Kiswahili kikatajwa kuwa lugha rasmi ya pili, na tangu hapo tumezungumza sana juu ya kukieneza. Lugha haienezwi kwa salamu na barua za ofisini tu. Inaenezwa pia na vitabu vinavyomfanya kijana aone kwamba lugha hii inaweza kubeba fikra zake ngumu kuliko zote.

Lalamiko letu

Hapo ndipo linapokuja lalamiko. Makala yote manne tuliyoyataja yameandikwa kwa Kiingereza. Riwaya ni ya Kiswahili, mhakiki wake ni mmoja wa mafundi wakubwa wa nathari ya Kiswahili, na mwanafunzi anatakiwa aandike insha yake kwa Kiswahili. Lakini daraja la kati limejengwa kwa lugha nyingine.

Tunaelewa sababu. Makala hayo yaliifikisha riwaya ya Kiswahili kwa wasomaji wa dunia ambao wasingeisikia kamwe, na majarida ya kitaaluma yana lugha zake. Aidha hatusemi kwamba Khamis hakuwahi kuifanyia kazi nadharia kwa Kiswahili. Mwaka 1995, kwa jina la Mohamed, alitoa Kunga za Nathari ya Kiswahili, kitabu ambacho walimu wengi wamekitegemea kwa riwaya, tamthilia na hadithi fupi. Na hilo ndilo linalotuuma. Mtu aliyetufunulia kunga za nathari kwa Kiswahili safi alipofika kwenye nathari ngumu kuliko zote alizungumza na wengine kwanza.

Hasara inaonekana katika insha za wanafunzi. Mwanafunzi husoma ukurasa wa Kiingereza, hutafsiri istilahi neno kwa neno, na sentensi inayotoka haieleweki na yeye mwenyewe wala na msahihishaji. Wamitila alifanya kazi kubwa ya kuziba pengo hili kwa Uhakiki wa Fasihi: Misingi na Vipengele Vyake (2002) na Kamusi ya Fasihi: Istilahi na Nadharia (2003). Lakini kamusi hukupa neno. Haikuonyeshi neno hilo likifanya kazi ndani ya kitabu kimoja, ukurasa kwa ukurasa. Kazi hiyo hufanywa na makala ya uhakiki.

Tunachopendekeza

Hatupendi kulalamika tukaondoka. Tunapendekeza mambo matatu ambayo idara yoyote inaweza kuyafanya bila ya kungoja fedha.

La kwanza ni mpangilio wa kusoma. Kusadikika isomwe wiki moja kabla ya Nagona, na si mwaka mmoja kabla yake. Mwanafunzi aliyetoka kusafiri na wajumbe sita wa Karama atamkubali msafiri wa Kezilahabi kwa urahisi zaidi. Kisha isomwe Mzingile, na mwisho Babu Alipofufuka, ambamo ajabu zimerudishwa katika siasa za kila siku.

La pili ni kusoma kwa sauti. Nagona ni kitabu chembamba. Sura moja inaweza kusomwa darasani kwa zamu, kama ngano inavyotambwa, kabla ya swali lolote kuulizwa. Baadaye kila mwanafunzi aisimulie upya kwa lugha ya kwao, kisha airudishe katika Kiswahili. Atakayoyakumbuka ndiyo yaliyorudiwarudiwa, na hapo ufundi wa kitabu utajieleza wenyewe.

La tatu ni tafsiri. Makala ya 2003 na ya 2007 yanapatikana bila malipo katika mtandao wa intaneti, kwa hiyo hakuna kisingizio cha maktaba. Kila kundi la mwaka wa tatu lichukue kurasa mbili, lizitafsiri kama zoezi la darasani, kisha zijadiliwe. Faida kubwa itakuwa katika ubishi wa maneno. Je, tuseme uhalisia wa kimazingaombwe? Mazingaombwe ni kiini macho, na anayeyafanya anajua kwamba anadanganya. Mtambaji wa ngano hadanganyi mtu. Je, tuseme uhalisia-ajabu? Neno hili linaacha ajabu isimame pamoja na kweli, na sisi tunalipenda zaidi, ingawa wengine watasema kwamba halisikiki vizuri. Je, riwaya imegawanyika, imemegeka au imevunjikavunjika? Kilichogawanyika huenda kiligawanywa kwa mpango. Kilichovunjika kilianguka. Atakayechagua neno moja kati ya hayo atakuwa ameshatoa hukumu juu ya Nagona, na atalazimika kuitetea kwa mifano kutoka katika kitabu. Huo ndio uhakiki tunaoutaka.

Kezilahabi alifariki dunia Januari 2020. Hatutapata kutoka kwake riwaya nyingine ya kutusaidia kuzielewa hizi mbili. Kilichobaki ni vitabu vyenyewe, wahakiki waliovisoma kwa makini, na madarasa yetu. Said A. M. Khamis ameshafanya sehemu yake, kwa kalamu zote mbili. Kuyatoa makala yake katika Kiingereza na kuyaingiza katika Kiswahili cha darasani ni sehemu yetu, na wenye maoni tofauti juu ya istilahi au juu ya mpangilio tuliopendekeza tunawakaribisha waandike. Kurasa hizi ni zao. Mgeni njoo, mwenyeji apone.